Siku Tatu Ndani ya Kofia Yangu

Sehemu ya sita

Kama gazeti la wiki iliyopita lilikupita, usijali, sitakuacha njiani. Mimi ni fundi wa kuchomelea. Nilitoka kwetu pamoja na mdogo wangu wa kike na mume wake, tukaja nchi ya watu kujenga kiwanda cha karatasi. Mimi naunganisha mabomba ya mvuke. Shemeji ni msaidizi, kazi yake kupiga msasa na kunibebea vijiti vya kuchomelea. Mdogo wangu yuko kwenye chumba cha kufulia cha kambi, anafua ovaroli za wanaume mia nne.

Nauli ya watu watatu ilitoka kwenye mashine yangu ya kuchomelea, ile niliyoiuza bila hata kuiaga. Kwa hiyo nikirudishwa kwetu leo, narudi mikono mitupu, hata kuunga geti la jirani sitaweza.

Niliwaacha nimesimama mlangoni kwa meneja, nimeambiwa viungo tisa vya bomba kuu vimekutwa vibovu na vyote vina namba yangu.

Namba yangu ni arobaini na saba. Kila fundi pale hupewa muhuri wa chuma. Ukimaliza kuunga bomba, unaipigilia namba yako kwa nyundo kando ya mshono, ikae hapo mpaka bomba lioze. Akija mtu baada ya miaka kumi, anajua wa kumshukuru ni nani na wa kumtukana ni nani.

Haya, tuingie.

Ndani walikuwa watatu. Meneja alikuwa nyuma ya meza. Nyapara wetu alisimama dirishani na kikombe chake kisichokwisha chai. Wa tatu alikuwa mama mmoja mwembamba aliyevaa miwani, mkaguzi, ambaye kazi yake ni kuyapiga mabomba eksirei kama hospitali inavyopiga vifua vya watu.

"Wewe ndiye arobaini na saba?" meneja aliuliza.

"Ndiye mimi, mzee."

"Sogea uone uchafu wako."

Alinisukumia picha tisa. Katikati ya kila mshono palikuwa na vidoa vyeusi, vingine vimeshikana. Yalikuwa mashimo. Nje pamefunikwa vizuri, ndani patupu. Mvuke ukipita pale siku ya kuwasha, bomba linapasuka na waliosimama chini wanaungua wakiwa hai.

"Mzee, mimi siwezi kufanya kazi hii."

"Namba ni ya nani?"

"Ni yangu."

"Basi umeweza."

Nyapara alicheka ndani ya kikombe. Mimi nikageuza picha moja nyuma, nikasoma tarehe. Tarehe nane. Nyingine tisa. Nyingine kumi. Siku hizo tatu sikuwa kazini.

Hapa lazima nirudi nyuma kidogo, na lazima nikiri.

Tarehe saba, tukikaribia kufunga kazi, fundi wa pembeni yangu aliwasha moto kabla sijashusha kofia. Kama hujawahi kupigwa machoni na mwanga ule, endelea hivyo hivyo. Saa chache baadaye unahisi mtu kakujaza mchanga wa moto chini ya kope. Nilikuwa silioni hata dirisha, machozi yananitiririka kama mfiwa.

Na nilikuwa bado kwenye miezi ya majaribio. Fundi akikosa siku mbili kwenye majaribio, anapandishwa gari la kurudi kwao. Msaidizi akikosa hakuna anayeuliza, wasaidizi wako wengi.

"Shem," shemeji aliniambia, "wewe lala. Nipe ovaroli na kofia yako. Kimo chetu kimoja. Nani atajua?"

"Na mishono?"

"Miezi mitano hii nilikuwa nakuangalia wewe au nilikuwa nahesabu ndege?"

Nilicheka, na kule kucheka kukaniuma macho zaidi. Nilijua fika kwamba mtihani wa kuingia kama fundi alifeli, tena vibaya. Lakini alikuwa ameona mengi tangu siku hiyo, na mimi nilitaka sana kuamini.

Kofia ya kuchomelea inafunika uso wote mpaka kidevuni. Ukishaivaa, huna sura, una namba. Nikampa kofia, nikampa ovaroli. Halafu, nimefumba macho, nikapapasa chini ya mto kwa mkono wangu mwenyewe nikampa na muhuri. Kosa langu ni hilo, na sina pa kulificha.

Ili wenzangu wa bwenini wasinione, nilihamia chumbani kwa mdogo wangu, kwenye nyumba za wenye ndoa. Nikawaaga kwamba naenda kumuuguza shemeji. Kwenye daftari la mahudhurio ikaandikwa: fundi yupo, msaidizi mgonjwa. Mdogo wangu akaniuguza siku tatu, akiniwekea machoni vipande vya viazi vibichi.

Basi, nikiwa pale mbele ya meneja, nilijua dawa ya mambo yote ni mtu mmoja tu kufungua mdomo.

"Mzee, siku hizo nilikuwa nimelala mgonjwa, aliyevaa kofia yangu ni shemeji yangu. Naomba muite."

Aliitwa. Aliingia akipangusa mikono, uso mkavu, akasimama mbali nami kama watu tuliokutana kwenye foleni.

"Tarehe nane mpaka kumi ulikuwa wapi?" meneja alimuuliza.

"Nilikuwa naumwa, mzee. Daftari linaonyesha."

"Shem!" nilisema.

Hakunitazama. "Mimi napiga msasa tu, mzee. Kuchomelea sijui, hata mtihani nilifeli, nyapara ni shahidi. Hayo mabomba muulizeni fundi."

Fundi! Tangu amwoe mdogo wangu hajawahi kuniita hivyo. Shem wakati wa kula, shem wakati wa kuomba sabuni, shem wakati wa kupanda gari nililolipia mimi. Siku ya taabu nimekuwa fundi.

Meneja aliangalia saa yake. "Nakupa mpaka saa nane mchana. Ukija na uthibitisho, sawa. Usipokuja nao, gari la saa kumi ni lako."

Nilitoka nje. Nyapara alinifuata. Huyu bwana hanipendi wala hanichukii, ila umbea anaupenda kuliko chai yake.

"Usimlaumu sana shemeji yako," alisema. "Anajitafutia. Barua yake ya kuomba nafasi yako iko kwangu tangu Jumatatu."

"Nafasi yangu ipi?"

"Ya fundi. Anaomba ajaribiwe tena, ikitokea nafasi ikawa wazi."

"Picha za bomba zimetoka lini?"

"Jana, Jumatano." Alikunywa funda moja, akaniangalia juu ya kikombe. "Hata mimi nilijiuliza hivyo hivyo."

Nikamfuata shemeji mpaka kwenye banda la msasa. Alikuwa amewasha mashine, cheche zinaruka, anajitia hamnazo. Nikaivuta waya, mashine ikazimika.

"Jumatatu ulijuaje nafasi yangu itakuwa wazi?"

"Niache nifanye kazi."

"Ulijua umeharibu! Umejua wiki nzima, unakula na mimi meza moja, unanichekea!"

Akaiweka mashine chini. Kwa mara ya kwanza siku ile akanitazama usoni.

"Nilipomaliza kiungo cha kwanza nikaona kimenishinda," alisema. "Ningekuja kukwambia, ungefanya nini? Ungenicheka. Kama ulivyonicheka siku ya mtihani mbele ya watu wote."

"Nilikucheka mara moja!"

"Mara moja? Kambi nzima inaniita Bwana Shemeji. Sina jina hapa. Mke wangu akiulizwa yeye ni wa nani, anasema yeye ni dada yake fundi. Nimechoka kubeba vijiti vyako, shem."

"Kwa hiyo unaniua?"

"Nani kakuua? Wewe una mikono, utapata kazi popote. Mimi nikitoka hapa sina mbele wala nyuma." Akaichomeka tena waya ukutani. "Kubali yaishe."

Sikumpiga. Wako watakaosema ningempiga, na mimi mwenyewe kuna siku nasema hivyo. Niligeuka nikaondoka, na mlangoni nikakutana na yule mama mkaguzi.

"Njoo," alisema, kama anamwita mtoto dukani.

Alinipeleka mpaka kwenye bomba kuu. Akachuchumaa bila kujali suruali yake safi, akaweka kidole kwenye mshono mmoja wa zamani wenye namba yangu.

"Unaona haya mawimbi madogo yaliyogandia kwenye chuma? Yanaonyesha mkono ulitoka wapi ukaenda wapi. Wewe unatumia mkono gani?"

"Mimi ni mashoto, mama."

"Najua. Viungo vyako zaidi ya mia mbili nimevipitia, vyote ni vya mashoto." Akasogea mpaka kwenye vile vibovu. "Hivi tisa ni vya mkono wa kulia."

Nilitaka kumkumbatia. "Mbona hukusema mbele ya meneja?"

"Nilimwambia kabla hujaingia. Anasema ripoti yake haiandiki mkono, inaandika mtu. Kuna yeyote aliyekuona siku hizo ukiwa umelala?"

"Yuko mmoja."

"Mlete. Kwa kutoa muhuri wako utapewa onyo na majaribio utayaanza upya. Hayo yanavumilika. Lakini ukibaki na viungo hivi, namba yako inaingia kwenye orodha, na orodha ile inasomwa na kila kampuni ya mabomba. Hutagusa bomba tena maisha yako yote."

Nilikwenda chumba cha kufulia karibu nikikimbia. Mdogo wangu alikuwa peke yake, anakunja ovaroli, rundo limempita kichwa. Vidole vyake vimekunjamana kwa maji na sabuni. Huyu ni mtoto niliyemfunga kamba za viatu siku ya kwanza ya shule. Mama alipofariki alikuwa na miaka saba, na tangu hapo sahani yangu ilikuwa sahani yake.

"Nimesikia, kaka," alisema kabla sijafungua mdomo.

"Mumeo amenikana mchana kweupe."

"Nimesikia."

"Aliandika barua kuomba nafasi yangu. Ulijua?"

Aliacha kukunja. "Aliniambia ni barua ya likizo."

"Basi ndiyo likizo yangu hiyo, naanza saa kumi."

Hakucheka. Alikaa juu ya ndoo iliyopinduliwa akatazama sakafu. Nikamweleza yote, mawimbi, mkono wa kulia, onyo, orodha. Nikamwambia hakuna mwingine duniani aliyeniona siku zile tatu ila yeye.

"Nikisema, ataondolewa," alisema.

"Ataondolewa yeye. Wewe kazi yako haina kosa. Atatangulia nyumbani, na wewe mkataba ukiisha utamfuata."

Aliitazama mashine ya kufulia ikizunguka. Kisha akainuka, akanifunga kifungo cha shati kilichokuwa wazi, kama alivyokuwa akifanya mama.

"Nitasema, kaka. Nitasema ulivyolala kitandani kwangu na viazi machoni kama mboga."

Hapo tukacheka wote wawili. Nilitoka pale nimejaa nguvu mpya, hata nikamsamehe shemeji nusu.

Saa nane kamili tulikuwa ofisini. Meneja, nyapara na mama mkaguzi walikuwa kama nilivyowaacha. Shemeji aliegemea ukuta. Mdogo wangu aliingia mwisho, bado ana aproni yake iliyolowa, akasimama katikati yetu sisi wawili.

"Mama," meneja alimwambia kwa upole, "hatukushtaki kwa lolote. Tarehe nane mpaka kumi, nani alikuwa amelala chumbani kwako?"

Nilikuwa nimeshaanza kushusha pumzi.

"Mume wangu," alisema.

Nilidhani nimesikia vibaya. Nikamgeukia, akawa anatazama meza.

"Una hakika?"

"Nina hakika, mzee. Alikuwa anaumwa sana macho. Hakuweza hata kuliona dirisha. Nikawa namkatia viazi vibichi namwekea machoni, siku tatu mchana na jioni."

Jamani. Alichukua ugonjwa wangu wote, hata viazi vyangu, akamvisha mumewe. Hakusahau kitu. Nilisikia masikio yakiniwaka. Mtu baki akikugeuka unakasirika. Huyu alinifanya nione aibu, na sijui aibu ya nini.

Shemeji alisimama wima, amepona kabisa.

Meneja akanyoosha mkono kuchukua karatasi ya kunifukuza. Ndipo mama mkaguzi akavua miwani.

"Macho, umesema?"

"Ndiyo, mama."

"Mumeo anapiga msasa na kubeba vijiti. Mwanga wa kuchomelea ulimpiga saa ngapi?"

Nyapara aliweka kikombe chini, jambo ambalo sijawahi kuliona.

"Tena," mkaguzi akaendelea, "daftari limeandika mgonjwa tu. Halikuandika macho. Macho ya aina hiyo, mpaka ya kuwekewa viazi, ni ya fundi."

Aproni ya mdogo wangu ilikuwa inadondosha maji sakafuni na kila mtu alikuwa anasikia.

Meneja alikuwa amechoka na familia yetu, na simlaumu. "Sikilizeni," alisema. "Kuna mmoja hapa anadanganya, na mimi nina kiwanda cha kujenga. Fundi, huyu ni dada yako wa tumbo moja. Nakuuliza wewe. Aliyosema ni kweli au ni uongo? Ukisema ni kweli, unasaini hapa unaondoka. Ukisema ni uongo, anaondoka yeye na mumewe, maana simwachi kambini mtu anayedanganya kuhusu bomba la mvuke."

Hapo ndipo mdogo wangu aliponitazama. Macho yamemjaa machozi.

"Nibebe, kaka," alisema polepole.

Nilimbeba mgongoni kwenda zahanati akiwa na homa. Nilimbeba siku ya harusi yake, nikalipia ukumbi, viti, mpaka viatu vya bwana harusi. Nilimbeba mpaka nchi hii, mzigo wangu wa kwanza na mumewe juu yake. Nikauangalia ule mkono wangu wa kushoto uliojaa makovu ya cheche. Ndio mtaji pekee niliobakiwa nao.

"Ni uongo," nilisema.

Shemeji alitoa sauti kama mtu aliyekanyagwa. Mdogo wangu hakulia. Machozi yalikauka palepale, na uso wake ukabadilika mpaka nikamwogopa.

"Umeniuza," alisema.

"Wewe ndiye uliyeanza."

"Umeniuza mbele ya watu, kaka."

"Mama, inatosha," meneja alisema. "Nendeni mkafunge mizigo."

Lakini hakuondoka. Alipangusa mikono kwenye aproni, kidole kimoja kimoja, kisha akamgeukia meneja.

"Mzee, kama leo ni siku ya ukweli, na mimi nina wangu. Fungua faili lake. Angalia cheti cha ufundi kilichomleta hapa."

"Mke wangu, nyamaza," shemeji alisema haraka, akimvuta mkono. Hata yeye, aliyenichimbia kaburi tangu Jumatatu, hakutaka tufike huko.

Aliuchomoa mkono wake. "Mwenye cheti hicho ni kaka yetu mkubwa. Jina mnalomwita huyu kila asubuhi ni la kaka yetu. Tulimzika miaka minne iliyopita. Huyu hajakaa chuo cha ufundi hata siku moja."

Wasomaji wangu, kwa wiki sita nimewasimulia mengi, hata yale ya kuniaibisha. Hili niliwaficha. Kazi alinifundisha kaka mwenyewe, nyuma ya nyumba, kwa vyuma chakavu, na mimi mashoto nikajifunza kwa kumwangalia kama kwenye kioo. Alipokufa, nilibaki na ufundi bila karatasi, na kabatini pakabaki karatasi bila fundi. Tulifanana sana. Ni mdogo wangu huyu huyu aliyenishauri nikichukue cheti hicho.

Katika kikao kizima kile, hilo ndilo neno moja la kweli alilolisema.

Mama mkaguzi alinitazama kwa namna ambayo sitaki kuikumbuka. Meneja alivuta droo, akatoa faili langu, akapekua mpaka kwenye cheti. Pembeni ya cheti kuna picha. Akaisogeza karibu na dirisha, akainua macho akaniangalia usoni, akarudi kwenye picha.

Kaka yangu alikuwa na kovu refu kidevuni, na mimi asubuhi ile nilikuwa nimenyoa ndevu zilizokuwa zinanifichia.